Ukidondokea Mirihi, hata pumzi ni ya kulipia!

Wiki hii nawatoa nje ya mji kidogo. Wale mlioanza kufikiria Bagamoyo, ufukwe na mishikaki, samahani sana. Leo tunakwenda Mirihi, ile sayari nyekundu ambayo usiku mwingine unaiona kwa macho tu ukiwa uani kwenu, ukidhani ni nyota.

Nauli msiulize, mtazimia. Umbali wenyewe hautulii. Tukiwa karibu nayo sana ni kama kilomita milioni 55, tukiachana inafika milioni 400. Chombo cha Marekani kiitwacho Perseverance kiliondoka duniani Julai 30, 2020 kikafika Februari 18, 2021. Miezi sita na nusu njiani! Na wewe unalalamikia foleni ya Mwenge.

Sasa sikia habari yenyewe. Safari yetu haina hoteli, haina mwenyeji wa kutupokea. Tuseme chombo kimepata hitilafu, kimedondoka puu, na kwa bahati umetoka mzima. Unafungua macho, uko Mirihi. Je, utapona?

Kabla hujacheka, elewa kitu kimoja. Mpaka leo hakuna binadamu aliyekanyaga kule. Lakini mashine zimekwenda nyingi, na zimepima hewa, udongo, baridi na mionzi ya huko mwaka hadi mwaka. Kwa hiyo ninayokupa hapa siyo stori za kijiweni. Yamepimwa.

KUTUA TU NI KASHESHE

Chombo kinaingia kwenye anga la Mirihi kwa spidi inayokaribia kilomita 20,000 kwa saa. Toka hapo hadi chini ni kama dakika saba. Ndani ya dakika hizo lazima usimame kabisa, la sivyo unakuwa chapati.

Tatizo ni hewa. Hewa ya Mirihi ni nyepesi mno, uzito wake ni kama asilimia moja na kitu ya hii yetu. Inatosha kukibabua chombo kwa joto la msuguano, lakini haitoshi kukisimamisha. Perseverance ilikuwa na mwavuli wenye upana wa mita 21 na nusu, mkubwa kuliko nyumba nyingi za mtaani kwenu, na bado haukutosha. Ilibidi uachiwe, roketi ndogo zimalizie kazi ya kushusha mzigo taratibu.

Wasovieti ndio walioionja kwanza. Novemba 27, 1971 chombo chao cha Mars 2 kilikuwa kitu cha kwanza kilichotengenezwa na binadamu kufika kwenye ardhi ya Mirihi, na kilifika kwa kujibamiza. Siku tano baadaye mwenzake, Mars 3, alitua salama kabisa. Akatuma mawimbi ya redio kwa sekunde kama 20, kisha kimya mpaka leo. Sekunde 20! Kwa watu wa Pwani hata salamu hazijaisha, hujafika kwenye habari za watoto.

Oktoba 19, 2016 ikawa zamu ya Wazungu wa Ulaya na chombo chao Schiaparelli. Kompyuta yake ilichanganyikiwa, ikaamini chombo kimeshafika chini. Ikauachia mwavuli na kuzima roketi, kumbe kiko juu kilomita karibu nne. Kilichofuata unakijua.

Kwa hiyo ukidondoka ukatoka mzima, umeshawapita wengi. Lakini usishangilie, shughuli ndo inaanza.

DAKIKA YA KWANZA: KAGUA NGUO

Mtu akipata ajali huku kwetu kwanza anajipapasa kama amevunjika, kisha anatafuta begi lake. Kule unakagua vazi la anga. Ukiona tundu, hata dogo kama la kitufe, liwahi kabla ya jambo jingine lolote.

Sababu ni hii. Mgandamizo wa hewa ya Mirihi haufiki hata asilimia moja ya wa kwetu. Kwenye mgandamizo mdogo namna hiyo maji hayasubiri moto ndo yachemke. Joto la mwili wako peke yake linatosha. Mate mdomoni na machozi kwenye macho yanaanza kutoa mapovu. Baada ya sekunde kumi, kumi na tano hivi, fahamu zinakutoka, na asipokuwepo wa kukuwahi, basi tena.

Usiseme utabana pumzi kama unapiga mbizi pale Kigamboni. Ukibana pumzi mahali kama pale ndo unaharibu, hewa iliyoko kwenye mapafu inatanuka na kuyachana.

Habari njema nayo ipo. Mvutano wa Mirihi ni asilimia 38 tu ya wa hapa. Gunia la kilo 50 utalisikia kama la kilo 19. Mtu wa kilo 70 anajiona kama ana kilo 27. Kwa hiyo ukitaka kuburuta mabaki ya chombo chako, kule wewe ni baunsa.

MANDHARI NI BOMBA, LAKINI...

Ukishajihakikishia nguo, inua macho. Jamani, kupendeza kunapendeza! Ardhi ni nyekundu kama ya njia ya vumbi ya kijijini, kwa sababu imejaa kutu ya chuma. Mawe yametapakaa kila upande. Mchana anga lina rangi ya vumbi inayoelekea hudhurungi. Jua linapozama mambo yanageuka, sehemu inayolizunguka inakuwa ya bluu. Huku kwetu bluu mchana, wekundu jioni. Kule ni kinyume.

Miezi iko miwili, Phobos na Deimos. Phobos inazunguka sayari kwa muda wa saa saba na dakika 39, haraka kuliko sayari yenyewe inavyojizungusha. Kwa hiyo inachomoza magharibi na kuzama mashariki. Usiku wako wa kwanza unaweza kudhani ajali imekugusa kichwa.

Na kama unajivunia Kilimanjaro yetu yenye mita 5,895, tulia. Kule kuna mlima Olympus Mons, kimo chake ni kama kilomita 22, karibu Kilimanjaro nne ukizipanga moja juu ya nyingine. Kuna na bonde, Valles Marineris, lenye urefu wa kilomita kama 4,000.

Siku ya kule ina saa 24 na dakika karibu 40, kwa hiyo utapata muda wa kulala kidogo zaidi. Ila mwaka ni siku 687 za hapa. Mwenye birthday, avumilie.

Baridi sasa. Adhuhuri ya kiangazi, maeneo ya ikweta, ardhi inaweza kufika nyuzi 20, joto la Lushoto. Usiku huohuo inateremka chini ya 70 upande wa pili wa sifuri. Friza la muuza samaki wa Feri likasome.

Na mionzi haina mlango wa kubishia hodi. Dunia yetu ina hewa nzito na sumaku kubwa vinavyotukinga. Mirihi ngao hiyo haina. Kwa vipimo vya gari-roboti Curiosity, lililotua mwaka 2012, siku moja pale juu ya ardhi inakupa mionzi ya asili ambayo mtu wa hapa anaipata kwa miezi kama mitatu. Haikuui leo wala kesho, ila inaandikwa kwenye daftari la mwili. Dawa yake ni kuchimba na kuishi chini ya udongo, kama panya.

HEWA: HAPA NDO UTAIHESHIMU DUNIA

Vazi la kutembelea nje ya kituo cha anga lina hewa ya saa saba, nane hivi. Ukishaanguka, saa inahesabu. Utapata wapi nyingine?

Hewa ya Mirihi asilimia 95 ni kabonidayoksaidi, ile tunayoitoa puani. Oksijeni haifiki hata robo ya asilimia moja. Lakini wajanja wamegundua kwamba kabonidayoksaidi ina oksijeni ndani yake, ukiweza kuichambua.

Perseverance ilibeba kimashine kiitwacho MOXIE, ukubwa wake kama betri ya gari. Kinavuta hewa ya pale, kinaipasha moto mpaka nyuzi 800, kisha umeme unaitenganisha oksijeni. Aprili 20, 2021 kikatoa gramu tano na ushee. Ilikuwa mara ya kwanza kwa binadamu kutengeneza hewa ya kuvuta kwenye sayari nyingine. Mpaka kinamaliza kazi Agosti 2023 kilikuwa kimetoa gramu 122 kwa jumla.

Sasa piga hesabu na mimi. Mtu mzima anatumia oksijeni kama gramu 840 kwa siku. Gramu 122 ni kama saa tatu na nusu. Yaani kazi yote ile ya miaka miwili na zaidi, wewe unaimaliza kati ya chai ya asubuhi na chakula cha mchana!

Siibezi mashine, ilikuwa ya majaribio na ilifanya vizuri kuliko ilivyotarajiwa. Kwenye spidi yake ya juu ilitoa gramu 12 kwa saa. Mashine tatu za aina hiyo zikifanya kazi usiku na mchana, zisiharibike, umeme usikatike, zinamweka hai mtu mmoja. Hapo kwenye umeme usikatike, wabongo tunaelewana.

MAJI YAPO, SHAMBA NI MASHAKA

Maji Mirihi yapo, siyo uzushi. Mwaka 2008 chombo cha Phoenix kilichotua karibu na ncha ya kaskazini kilichimba kikakuta barafu chini kidogo tu ya udongo. Ukiangukia huko utapata maji kwa sururu na moto wa kuyeyushia. Ukiangukia ikweta, ambako kuna afadhali ya joto, barafu ya karibu hakuna. Chagua kimoja, baridi au kiu.

Na kila tone linatumika tena. Kwenye kituo cha anga cha kimataifa, mwaka 2023 walifikia kurudisha asilimia 98 ya maji, pamoja na jasho na mkojo. Chai ya leo ni ule wa jana. Usikunje uso, wanasema yanakuwa masafi kuliko ya bomba nyingi za mijini.

Chakula je? Walioona filamu ya The Martian ya mwaka 2015 watasema, “Si unalima viazi tu kwa mbolea ya chooni kama yule mchizi!” Polepole. Phoenix hiyohiyo ilikuta kwenye udongo chumvi iitwayo pakloreti. Chumvi hiyo ikiingia mwilini kwa wingi inalivuruga tezi la shingoni, lile linaloota uvimbe mtu akikosa madini ya joto. Lazima udongo uoshwe kwanza kwa maji, na maji yenyewe ndo hayo ya kugombania. Kisha kiazi kinataka miezi kadhaa. Tumbo halijui kusubiri miezi.

VUMBI LINALOUA TARATIBU

Filamu hiyohiyo inaanza na dhoruba inayotaka kuangusha roketi. Hapo walitia chumvi, na hata mwandishi wa kitabu chake, Andy Weir, alishakiri. Hewa ni nyepesi, upepo wa kilomita 100 kwa saa utausikia kama upepo mwanana wa baraza la nyumba.

Kinachoua ni vumbi, na linaua kwa kuziba jua. Muulize marehemu Opportunity. Gari-roboti hili lilitua Januari 2004, likapangiwa kazi ya siku 90. Likapiga miaka 14 na kutembea kilomita 45! Baridi ikizidi linaegesha paneli zake kuelekea jua na kutulia mpaka hali irudi. Kikwazo kikitokea, halisogei mpaka hesabu ikubali. Juni 2018 dhoruba ya vumbi ikafunika sayari nzima, mchana ukawa kama usiku, paneli zikakosa chaji. Mawasiliano ya mwisho yalikuwa Juni 10. Wakaliita na kuliita mpaka Februari 2019, ndipo wakatangaza msiba.

Wewe na vibetri vyako hapo, jiulize.

UNAPIGA SIMU, ANAJIBU KESHO

Haya, umeziba tundu, una hewa, umejichimbia. Sasa wajulishe nyumbani. Ujumbe wa redio unasafiri kwa spidi ya mwanga na bado unachukua kati ya dakika tatu na 22 kufika, kutegemea sayari ziko wapi. Kurudi muda uleule. Unaweza kusema “nisaidieni, tanki linavuja” na kupata jibu “rudia, hatujasikia” baada ya dakika 44. Kila baada ya miaka miwili na kitu jua linaingia katikati, na mawasiliano yanasimama kwa kama wiki mbili.

Kuna kisa kinanigusa kila nikikikumbuka. Desemba 25, 2003, sikukuu ya Krismasi, kichombo cha Waingereza kiitwacho Beagle 2 kilitakiwa kutua. Watu wakakaa na redio wakisubiri. Kimya. Wakasubiri tena. Kimya. Wengi wakasema kimejibamiza kikasambaratika. Kiongozi wa kazi ile, profesa Colin Pillinger, akafariki Mei 2014 bila kujua kilichompata mtoto wake.

Januari 2015 picha zilizopigwa na chombo kinachozunguka juu ya Mirihi zikatoa jibu. Beagle 2 ilikuwepo, imetua, iko nzima pale chini! Ilianza hata kufungua paneli zake kama ua. Inaonekana ya mwisho haikufunguka, na ndiyo iliyokuwa imeifunika antena. Kwa hiyo ilipona ajali, ikashindwa kusema tu kwamba imepona. Miaka 11 iko pale, watu wanadhani haipo.

Jifikirie wewe ndiye Beagle. Hujavunjika hata kidole, lakini antena imebanwa na hakuna wa kuja na bisibisi.

NANI ATAKUFUATA?

Hapa ndipo nilipotaka kukufikisha. Huku kwetu hata ukipata ajali porini, kuna mambo matatu hukuyagharamia. Hewa ipo, mgandamizo upo, na mtu atapita. Atakuwa mfugaji na ng'ombe wake, dereva wa lori, au mama anayetoka kuokota kuni. Atakuuliza “vipi ndugu?” na maisha yanaanza upya.

Mirihi hapiti mtu. Sayari hizi mbili zinajipanga vizuri kwa safari kila baada ya miezi 26. Ukidondoka dirisha likiwa limefungwa tu, wanasubiri miezi zaidi ya 20, kisha miezi saba ya safari. Karibu miaka mitatu unangoja gari moja. Hata kama ungekuwa komandoo, ushujaa wako hauzalishi gramu moja ya oksijeni.

Ndiyo maana wanaopanga kwenda kule kwa dhati hawapotezi muda kufundisha ushujaa. Wanahesabu chakula, hewa na vipuri vya kutangulizwa kabla ya mtu wa kwanza. Na wanapima kama watu wanaweza kuvumiliana. Kati ya Juni 2010 na Novemba 2011 wanaume sita walifungiwa Moscow siku 520, wakijifanya wako safari ya Mirihi. Kutoka Juni 2023 hadi Julai 2024 watu wanne walikaa siku 378 ndani ya nyumba ya kuigiza Mirihi huko Houston, Marekani, wakilima mboga na kuzungumza na nje kwa kuchelewa kama wako kule kweli. Walitoka salama. Wewe na mwenzako mliopanga chumba kimoja, sahani zisizooshwa tu zinawagombanisha kwa wiki mbili!

Kwa hiyo jibu la swali letu ni hili. Ukidondokea Mirihi peke yako na vazi lako, utaishi mpaka mtungi uishe, si zaidi. Utapona endapo tu kuna mtu alikufikiria miaka kabla hujaanguka, akakutangulizia mashine ya hewa, chakula na nyumba, na ukaangukia mahali unapoweza kuvifikia kwa miguu.

Nikuachie na kisa kimoja cha safari ya kinyume. Oktoba 3, 1962 huko Zagami, Katsina, Nigeria, mkulima alikuwa shambani akifukuza kunguru wasile mahindi yake. Ghafla kishindo, jiwe likadondoka mita kama tatu kutoka aliposimama. Lilikuwa na kilo 18 hivi. Baadaye wataalamu wakatambua kwamba ni kipande cha Mirihi kilichorushwa na kishindo cha zamani, maana gesi iliyonaswa ndani ya mawe ya aina hii inafanana na hewa iliyopimwa na vyombo vya Viking vilivyotua kule mwaka 1976.

Mkulima hakudhurika. Na mgeni yule, katika sehemu zote alizoweza kuangukia, aliangukia penye hewa, mahindi na mtu wa kumwokota. Sisi tukienda kwao hatutakuta hayo. Kesho asubuhi ukiamka, kabla hujaulizia hela ya daladala, vuta pumzi moja ndefu. Hiyo bado ni ya bure.

Tukijaliwa, tukutane wiki ijayo. Ciao!